Jinsi ya Kuandika Wasifu wa George Washington Williams: Mbunge wa Ohio, Mwanagazeti na Mwanahistoria

George Washington Williams alizaliwa Bedford Springs, Pennsylvania, tarehe 16 Oktoba 1849, akafariki Blackpool, Uingereza, tarehe 2 Agosti 1891, akiwa hajatimiza miaka 42. Katika umri huo mfupi alikuwa askari, mchungaji wa Kibatisti, mhariri wa gazeti, mwanasheria, mtu mweusi wa kwanza kuchaguliwa katika bunge la jimbo la Ohio, na mwandishi wa historia ya watu weusi wa Marekani ambayo kwa upana wake haikuwa na mfano kabla yake. Mwaka 1890 alisafiri hadi Kongo, akapanda mto mpaka maporomoko ya Stanley, yaani Kisangani ya leo, na huko akatia saini barua ya wazi kwa Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji. Barua hiyo ndiyo iliyokuwa mashtaka ya kwanza kamili, yaliyopangwa hoja kwa hoja, dhidi ya utawala wa mfalme huyo huko Kongo, nchi aliyoitawala kama mali yake binafsi.

Mwongozo huu ni kwa ajili ya mtu anayetaka kuandika maisha ya Williams kwa Kiswahili, iwe ni makala ya jarida, sura ya kitabu cha shule au ukurasa wa ensaiklopidia. Nimemchagua kwa sababu barua yake kubwa kuliko zote iliandikwa mahali ambapo Kiswahili kilikuwa tayari lugha ya biashara na ya utawala, na ambapo mpaka leo kinasemwa majumbani na sokoni, ilhali wasomaji wengi wa Kiswahili hawajawahi kulisikia jina lake. Hilo ni pengo linalofaa kuzibwa, tena kwa uangalifu mkubwa, kwa sababu maisha yake yana mtego mmoja.

Mtego wenyewe ni huu: Williams alikuwa shahidi mkweli wa mambo aliyoyaona, lakini alipojieleza mwenyewe aliongeza chumvi. Alijiita kanali, akadai vyeo na sifa ambazo nyaraka hazizithibitishi. Barua yake ilipoanza kusomwa Ulaya mwaka 1891, magazeti ya Brussels yaliyomtetea mfalme hayakuanza kwa kujibu mashtaka, bali yaliuliza huyu anayejiita kanali ni nani hasa. Mwandishi wa wasifu anayemeza kila alichosema Williams kuhusu nafsi yake anawapa silaha wale wale waliotaka kuuzima ushahidi wake, na anayemtupa kwa sababu ya kujikweza huko anafanya walichotaka wafanye wasomaji wa mwaka 1891. Kazi yako ni kuyatenganisha mambo hayo mawili tangu siku ya kwanza ya utafiti.

Anza na safu mbili

Kabla hujaandika sentensi yoyote, chukua daftari na uligawe ukurasa katika safu mbili. Katika safu ya kwanza andika kila jambo ambalo Williams mwenyewe alilisema kuhusu maisha yake, pamoja na mahali alipolisema na mwaka. Katika safu ya pili andika yale yanayothibitishwa na nyaraka ambazo hakuziandika yeye: orodha za jeshi, kumbukumbu za chuo, kumbukumbu za bunge, magazeti ya watu wengine, hati za ndoa na za kifo. Jambo likibaki katika safu ya kwanza peke yake, halifutwi, ila linaandikwa kwa maneno kama «kwa maelezo yake mwenyewe».

Miaka yake ya uaskari ndiyo sehemu inayohitaji safu hizo kuliko nyingine zote. Alijiunga na jeshi la Muungano, yaani la majimbo ya kaskazini, mwaka 1864, akiwa na umri wa miaka 14, wakati vita vya wenyewe kwa wenyewe vikikaribia mwisho, na alijiandikisha kwa jina lisilo lake ili umri wake usimzuie. Mtu aliyejiandikisha kwa jina la uongo hupotea katika orodha za jeshi, kwa hiyo utafutaji wa jina lake pekee katika Hifadhi ya Nyaraka ya Taifa ya Marekani hautakupa kila kitu. Baada ya hapo alikwenda Mexico kupigana upande wa wanajamhuri dhidi ya Maximilian, mwana wa kifalme wa Austria aliyetawazwa huko kwa nguvu ya Wafaransa, na cheo alichojipatia huko ni mfano mzuri wa jambo la kubakia katika safu ya kwanza. Aliporudi aliingia katika Kikosi cha 10 cha Wapandafarasi, kikosi cha askari weusi wa jeshi la kawaida, na hapo nyaraka zinakuwa imara zaidi: alifikia cheo cha sajini, akapigwa risasi katika pafu la kushoto mwaka 1868, akaachishwa jeshi mwaka huo huo. Usiandike kwamba risasi hiyo ilimpata akipambana na adui, kwani hakujeruhiwa vitani.

Baada ya jeshi kuna hati ndogo ambayo mwandishi asiiache. Mwaka 1869 Williams alimwandikia Jenerali Oliver Otis Howard, ambaye chuo kikuu cha Howard kimepewa jina lake, akiomba nafasi ya kusoma, na barua yenyewe imejaa makosa ya tahajia ya mtu aliyejifunza kuandika kwa shida. Miaka 5 baadaye, mwaka 1874, mtu huyo huyo alihitimu katika chuo cha teolojia cha Newton, Massachusetts, akiwa mweusi wa kwanza kuhitimu hapo, na siku ya mahafali alitoa hotuba kuhusu Ukristo wa mwanzo barani Afrika. Ukiziweka hati hizo mbili karibu, msomaji ataona mwenyewe umbali uliotembewa bila wewe kulazimika kumsifu Williams hata kwa neno moja. Hivyo ndivyo ninavyoshauri sifa zitolewe katika wasifu huu wote.

Kumbukumbu za bunge la jimbo

Msomaji wa Afrika Mashariki anahitaji kuelezwa mapema jimbo la Marekani ni nini, maana akisikia «mbunge» mawazo yake yataenda Dodoma au Nairobi. Ohio ina bunge lake lenye mabaraza mawili, Baraza la Wawakilishi na Seneti, linalokutana Columbus, na katika karne ya 19 mambo ya ndoa, shule, maziko na biashara yaliamuliwa na bunge hilo wala si na Kongresi ya Washington. Ukitaka mfano ulio karibu, Baraza la Wawakilishi la Zanzibar linafaa kuliko bunge la kaunti, kwa sababu nalo hutunga sheria kamili katika mambo yaliyo chini ya mamlaka yake. Sentensi mbili au tatu zinatosha, ila bila hizo msomaji hataelewa kwa nini muhula mmoja wa Williams, kuanzia 1880 hadi 1881, akiwakilisha Kaunti ya Hamilton ambamo mna jiji la Cincinnati, ulikuwa na uzito kwa maisha ya watu weusi wa huko.

Kosa ambalo mtafiti aliyezoea Hansard, yaani kumbukumbu rasmi za maneno yanayosemwa bungeni, hulifanya ni kudhani kwamba majarida ya bunge la jimbo yana hotuba. Majarida ya Ohio ya wakati huo yanaandika vitendo: nani aliwasilisha muswada gani, ulipewa namba gani, ulipelekwa kamati ipi, kura zilikuwa ngapi, na majina ya waliopiga kila upande. Maneno yaliyosemwa hayamo. Kwa hiyo unapaswa kufanya kazi kwa hatua mbili. Kwanza unapitia faharasa ya jarida la mwaka husika, unatoa kila mahali jina lake linapotokea, unanakili tarehe na namba za miswada. Kisha unachukua tarehe hizo na kwenda nazo kwenye magazeti ya Columbus na Cincinnati ya siku iliyofuata, kwa sababu waandishi wa habari ndio waliokaa katika ukumbi na kuyanukuu maneno. Ukianza na magazeti kabla ya jarida utazama katika maelfu ya kurasa.

Katika kazi hiyo utakutana na mambo mawili yanayostahili kuandikwa kwa kirefu. La kwanza ni jaribio lake la kufuta sheria ya Ohio iliyokataza ndoa kati ya weusi na weupe. Hakufaulu, na sheria hiyo ilifutwa mwaka 1887, miaka kadhaa baada ya yeye kuondoka bungeni. La pili ni chungu zaidi: aliwasilisha muswada uliohusu kufungwa kwa makaburi ya watu weusi yaliyokuwa Avondale, kitongoji cha Cincinnati, na wapiga kura wake wengi weusi walimkasirikia, wakiona kwamba amewatumikia wenye mali wa kizungu waliotaka eneo hilo. Mwandishi mwenye haya atalipunguza jambo hili. Mimi naona lipewe aya nzima, na wakosoaji wake wasikike, kwa sababu linaeleza vipi mtu aliyeingia bungeni kwa shangwe alitoka baada ya muhula mmoja huku uungwaji mkono wake ukiwa umepungua.

Ukifika Columbus utakuta ndani ya jengo la bunge la Ohio kuna chumba chenye jina lake. Litaje jambo hilo kwa kifupi, wala usilifanye ushahidi wa alivyopokelewa enzi zake.

Magazeti

Williams aliyaishi magazeti kwa njia tatu, na kila njia ina namna yake ya kutafutwa. Kwanza alikuwa mwanzilishi na mhariri: mwaka 1875 alianzisha The Commoner mjini Washington, kwa kutiwa moyo na viongozi weusi akiwemo Frederick Douglass, na gazeti hilo likafa baada ya matoleo machache. Pili alikuwa mwandishi wa safu: alipohamia Cincinnati kuwa mchungaji wa kanisa la Union Baptist aliandika katika Cincinnati Commercial kwa jina la Aristides. Tatu alikuwa habari yenyewe, mtu ambaye magazeti yalimwandika kwa kumsifu na kwa kumshambulia.

Kwa njia ya pili, usitafute «Williams» katika hazina za magazeti, kwa sababu hutalipata jina hilo chini ya safu zake. Tafuta «Aristides», kisha hakikisha kwa mada na mtindo kwamba kila makala ni yake, maana jina hilo la Kigiriki liliwavutia waandishi wengi wa karne ile. Kwa njia ya tatu kumbuka kwamba wahariri wa zamani walifupisha majina ili kuokoa nafasi, hivyo utampata zaidi kama «Geo. W. Williams» au «Col. Williams» kuliko kwa jina lake kamili. Hazina ya magazeti ya zamani ambayo Maktaba ya Kongresi imeiweka katika intaneti ni ya bure na inasomeka kutoka popote, lakini maandishi yaliyosomwa na kompyuta kutoka kwenye karatasi zilizofifia yana makosa mengi. Kila unachokipata kwa kutafuta neno lazima ukifungue katika picha ya ukurasa wenyewe, usome safu nzima kutoka juu hadi chini, na uandike jina la gazeti, tarehe na ukurasa hapo hapo.

Jihadhari pia na majina yanayofanana. Jina la rais wa kwanza wa Marekani walipewa wavulana wengi sana waliozaliwa katika karne ya 19, weusi kwa weupe, na Williams ni miongoni mwa majina ya ukoo yaliyoenea kuliko yote. Habari isiyotaja Ohio, Boston, ubunge, kitabu au Kongo iweke pembeni mpaka upate uthibitisho mwingine.

Vitabu

Historia yake kubwa ya watu weusi wa Marekani, kuanzia 1619 hadi 1880, ilitolewa kwa majuzuu mawili na kampuni ya G. P. Putnam's Sons ya New York kati ya 1882 na 1883. Mwaka 1888 kikafuata kitabu cha askari weusi katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, kilichochapishwa na Harper & Brothers. Majuzuu ya historia yanapatikana bure katika maktaba za kidijitali, na hakuna sababu ya kuandika juu yake kwa kutegemea muhtasari wa mtu mwingine.

Anza na dibaji ya juzuu la kwanza, kwa sababu ndani yake Williams anaeleza chanzo cha kazi yote. Aliombwa kutoa hotuba tarehe 4 Julai 1876, siku ya miaka 100 ya uhuru wa Marekani, huko Avondale, akaamua kuzungumza juu ya watu weusi wa Marekani, na alipokusanya habari za hotuba hiyo akagundua wingi wa nyaraka zisizotumika. Katika dibaji hiyo hiyo anasema alipitia zaidi ya vitabu 12,000 na kwamba takribani 1,000 kati ya hivyo vimetajwa katika tanbihi. Anasema pia kwamba hakuandika kama msifiaji kipofu wa watu wake wala kama wakili wa kuwatetea kwa upendeleo, bali kwa kuipenda kweli ya historia.

Hapa ndipo mwandishi makini anapofanya kazi ambayo wengine huikwepa. Dai la vitabu 12,000 liingize katika safu ya kwanza ya daftari lako, kisha chukua sura tatu au nne na uzihesabu tanbihi zake mwenyewe, uone anavyotumia sheria za makoloni, ripoti za majeshi na magazeti, na wapi ananakili hati ndefu bila kuzichambua. Utaona mambo mawili kwa wakati mmoja: kwamba ni kazi ya kweli ya mtu aliyekaa maktabani kwa miaka, na kwamba inabeba mizigo ya zama zake, hasa katika sura za mwanzo zinazoizungumzia Afrika, ambako anaandika juu ya Benin, Dahomey, Wayoruba na Waashanti kwa kutegemea vitabu vya wasafiri na wamisionari, kabla ya yeye mwenyewe kwenda kujionea Kongo. Waeleze wasomaji wako jambo hilo wazi. Litawasaidia kuelewa jinsi safari ya 1890 ilivyomgeuza.

Usiache nje jambo la Haiti. Rais Chester Arthur alimteua kuwa balozi wa Marekani nchini humo mwezi Machi 1885, katika siku za mwisho kabisa za utawala wake. Utawala mpya wa Grover Cleveland haukumruhusu kwenda kushika kazi. Aya moja inatosha, ila inaeleza kwa nini baada ya hapo alielekeza macho yake Ulaya na Kongo.

Kongo

Sehemu hii ichukue walau theluthi ya wasifu wako. Kwa msomaji wa Kiswahili ndiyo sehemu iliyo karibu naye, na kwa historia ya dunia ndiyo iliyodumu.

Ianze na imani yake ya awali, wala usimfanye mpinzani wa Leopold tangu mwanzo. Marekani ilikuwa nchi ya kwanza kuitambua bendera ya chama cha Leopold cha Kongo, mwezi Aprili 1884, na Williams aliunga mkono. Mwaka 1889 alimhoji mfalme mwenyewe mjini Brussels kwa ajili ya magazeti ya Marekani, akaandika kwamba ni mmoja wa watawala waungwana kuliko wote duniani. Mfalme alimwambia kwamba anayoyafanya Kongo ni wajibu wa Kikristo kwa Mwafrika maskini, na kwamba hataki kurudishiwa hata faranga moja ya fedha alizotumia. Williams alikuwa na mpango wa kuwapeleka vijana weusi wa Marekani wakafanye kazi huko, akaenda kuzungumza na wanafunzi wa chuo cha Hampton, Virginia. Walimuuliza maswali juu ya nchi hiyo ambayo hakuweza kuyajibu, akaamua kwenda kujionea. Watu wa mfalme walijaribu kumzuia. Nauli na gharama zilisaidiwa na Collis P. Huntington, tajiri wa reli aliyekuwa na maslahi katika mradi wa reli ya Kongo, na jambo hilo lazima ulitaje, kwa sababu msomaji ana haki ya kujua nani aligharimia macho yaliyoona.

Kisha isome barua yenyewe. Ina tarehe ya 18 Julai 1890, na imeandikwa kwa adabu zote za kumwandikia mfalme, jambo linaloyafanya mashtaka yake kuwa mazito zaidi. Anasema amevunjika moyo, na kwamba sasa ana wajibu mchungu wa kueleza hivyo kwa lugha ya wazi lakini yenye heshima. Baada ya hapo anahesabu mashtaka 12. Kuna mambo mengi ndani yake, ila nashauri uchague machache na uyaonyeshe kwa karibu kuliko kuyataja yote kwa haraka.

Chukua hila zilizotumiwa kuwapumbaza machifu. Anaeleza kwamba Mzungu alivaa mkononi betri za umeme zilizofichwa ndani ya nguo, akimpa chifu mkono humshtua mpaka karibu aanguke, na chifu alipouliza nguvu hizo zimetoka wapi aliambiwa kwamba Mzungu anaweza kung'oa miti na kufanya maajabu makubwa ya nguvu. Mwingine alichukua kioo cha kukuza, akawasha sigara kwa miale ya jua, akadai urafiki na jua na kutishia kukichoma kijiji. Kwa hila hizo na kwa masanduku machache ya pombe, anasema, vijiji vizima viliandikwa kuwa mali ya mfalme. Kisha chukua wafungwa waliofungwa minyororo ya ng'ombe shingoni, minyororo iliyowatoa vidonda. Kisha dai lake kwamba serikali ya mfalme inanunua na kuuza watumwa, ikilipa pauni 3 kwa kila mtu mwenye nguvu anayefaa kuwa askari. Mambo hayo aliyaandika mtu ambaye wazazi wake walikuwa huru katika nchi yenye watumwa, aliyekuwa ametumia miaka akisoma sheria za utumwa za makoloni ya Marekani, na ustadi wa mwanasheria na wa mbunge unaonekana katika jinsi anavyoligawa kila shtaka.

Muhimu kuliko yote, onyesha kwamba Williams aliwauliza Wakongo. Anaandika kwamba jina la Henry Stanley, msafiri aliyemfungulia Leopold njia ya kuingia Kongo, linawatia watu wa huko mtetemeko, kwa kuwa wanazikumbuka ahadi alizozivunja, hasira zake na mapigo yake. Katika maandishi ya wageni wa wakati ule ni nadra kukuta mtu aliyeona kwamba kumbukumbu za wenyeji ni ushahidi wa kupelekwa mbele ya mfalme. Mwishoni anaziomba nchi zilizotia saini mkataba wa Berlin wa mwaka 1885 kuhusu Kongo ziunde tume ya kimataifa ya uchunguzi. Mwezi Septemba 1890, akimwandikia waziri wa mambo ya nje wa Marekani, James G. Blaine, alisema utawala wa Leopold una hatia ya uhalifu dhidi ya ubinadamu, maneno ambayo sheria za kimataifa zilikuja kuyatumia zaidi ya nusu karne baadaye. Mwezi Oktoba alimwandikia ripoti rais wa Marekani, Benjamin Harrison, akiwa Luanda.

Mwandishi wa Kiswahili ana chanzo ambacho wengi walioandika kwa lugha nyingine hawakukizingatia sana. Tangu mwaka 1887 gavana wa maporomoko ya Stanley kwa niaba ya Leopold alikuwa Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip, na yeye ameacha masimulizi ya maisha yake kwa Kiswahili chake mwenyewe, yaliyochapishwa mwanzoni mwa karne ya 20. Yasome sambamba na barua ya Williams. Hayamzungumzii Williams, ila yanakupa mahali, njia, majina ya watu na desturi za utawala kutoka kwa mtu aliyekuwa ndani, mwenye biashara ya pembe na ya watumwa, na kwa lugha ambayo wasomaji wako hawahitaji kutafsiriwa. Kumbuka pia kwamba Wazanzibari walikuwa miongoni mwa askari na vibarua wa dola la Leopold huko Kongo, na kwamba barua inalalamikia kuvunjwa kwa mikataba ya askari, mafundi na wafanyakazi waliokuwa raia wa serikali nyingine, na barua zao kutofika kwao.

Usimalize sura hii kwa kusema kwamba Williams aliuangusha utawala wa Leopold. Hakuuangusha. Barua ilichapishwa, ikasomwa New York na Ulaya, ikazua mjadala katika bunge la Ubelgiji mwaka 1891, kisha yeye akafa na kelele zikapungua. Harakati kubwa za kupinga maovu ya Kongo zilikuja zaidi ya muongo mmoja baadaye, na Ubelgiji iliichukua Kongo kutoka kwa mfalme mwaka 1908.

Maisha ya nyumbani, kifo na mpangilio

Kuhusu familia, andika kwa ufupi na kwa haki. Alimwoa Sarah Sterrett wa Chicago mwaka 1874, wakapata mtoto wa kiume, na ndoa ikavunjika ingawa mambo yake hayakumalizika vizuri. Alipokufa kwa kifua kikuu na ugonjwa wa mapafu, baada ya kuizunguka Afrika hadi Misri na kurudi Uingereza, alikuwa na mchumba Mwingereza. Mke aliyeachwa naye anastahili kuwa mtu kamili katika kurasa zako.

Mtu aliyemrudisha Williams katika historia ni John Hope Franklin, mwanahistoria Mmarekani aliyekutana na kazi zake mwaka 1945, akamfuatilia kwa miaka 40 na kutoa wasifu wake mwaka 1985. Ni yeye aliyelipata kaburi lake lisilo na alama huko Blackpool na kuliwekea jiwe. Usome wasifu huo wote kabla ya kuandika, na kila unapochukua jambo kutoka kwake, liseme ndani ya maandishi yenyewe. Franklin alimpenda Williams na bado akayaanika majigambo yake yote. Mpango wa safu mbili niliokueleza ni njia rahisi ya kuifuata nidhamu hiyo.

Kuhusu mpangilio, sishauri kuanza na utoto, kwa kuwa nyaraka za utoto wake ni chache na zitakulazimisha kukisia tangu ukurasa wa kwanza. Anza na mwaka 1876 na hotuba ya Avondale, mahali ambapo una dibaji yake na magazeti pia, rudi nyuma kwa jeshi na chuo, kisha songa mbele kwa mfuatano wa miaka. Bunge na vitabu viende pamoja katika sura moja, kwa sababu aliyaishi pamoja: miaka aliyokuwa Columbus ndiyo aliyokuwa akizitumia maktaba za huko kwa historia yake.

Mwisho, itafsiri barua ya wazi yote kwa Kiswahili na uiweke kama nyongeza, ukihifadhi namba za mashtaka kama alivyozipanga, bila kufupisha wala kulainisha. Majina ya mahali yaandike kama yalivyo katika barua, kisha utaje kwenye mabano jina la leo pale unapokuwa na uhakika. Kabla ya kuchapisha, mpe tafsiri hiyo msomaji wa Kisangani au wa Kindu aisome pamoja nawe, kwa kuwa atajua mito, vijiji na njia ambazo ramani za 1890 ziliziandika vibaya.